Njia Mbili

Njia mbili zilimshinda fisi.
Harufu ya nyama kulia, harufu ya nyama kushoto,
mguu huku, mguu kule,
akapasuka msamba.

Mwanga haukupasuka.

Mimi ndiye niliyeshika leza,
ile ya elfu tatu, ya kuchezea paka.
Nyamizi Kapela aling'oa unywele kichwani mwake, "Aii!",
akaunyoosha kwenye ganda la kiberiti.
Maabara yetu ya Isevya: madirisha tumeyaziba kwa magunia,
bado yananuka tumbaku ya mwaka jana.
Wekundu ukaugonga unywele, ukafika ukutani
si doa moja, wala madoa mawili:
mistari, mistari,
kama mbavu za punda wa Sikonge mwezi wa tisa.

"Umepita upande gani?" akauliza Msabila.
Nikasema, pande zote mbili.
Hata punje moja ya mwanga, ukiituma peke yake,
kisha nyingine, kisha nyingine, usiku kucha,
asubuhi utazikuta zimechora mbavu zilezile.
Darasa likacheka.
Lilikuwa linamcheka fisi.

Tukavunja kikokotoo kibovu cha mhasibu,
tukabandua ngozi ya kioo chake, nyembamba, ya kijivu.
Kipande kimoja wima, kushoto mwa unywele,
kingine kikalazwa, kulia.
Sasa kila mwanga upitao ulibeba chapa ya njia yake
kama robota kwenye ghala la ushirika.

Mbavu zikatoweka.
Ukutani likabaki wingu jekundu, bubu.

"Ni macho yetu," akasema Msabila. "Unatuonea haya."
Basi tukageuka wote, arobaini na wawili,
tukautazama mlango, tukahesabu hadi ishirini,
simu yangu juu ya kigoda ikapiga picha yenyewe.
Wingu lilelile.
Hakuna aliyetazama.
Alama tu ilitosha.

Nyamizi hakusema kitu.
Alichukua kipande cha tatu,
akakishika mbele ya ukuta kwa mshazari,
si wima, si kulala,
chapa zikavurugika zisisomeke tena,
na mbavu za punda zikarudi.

Safari hii hakucheka mtu.

Jumamosi nikamsimulia baba, kule Ipole,
chini ya mizinga yake.
"Hayo nayajua," akasema.
"Mzinga usiofunguliwa una asali, tena hauna."
Hapana, baba. Asali yako ipo au haipo.
Nyuki wanajua. Asiyejua ni wewe.
Kule chini kabisa, kwenye mwanga,
hakuna hata nyuki ajuaye.

Baba akatafuna jani, akalitema.
Hakupanda. Hakuwasha moshi.
Alishika kamba iliyoning'iniza mzinga,
akaivuta kidogo, kidogo sana,
akausikiliza uzito kwa viganja.
Juu, nyuki wakabadili sauti.

"Umewasikia?" akasema.
"Hata ukiuliza kwa adabu,
wanajua kwamba umeuliza."

Sikuwa na jibu. Nilirudi mjini na lita mbili za asali
na kuumwa mara moja, sikioni.

Jumatatu nikafungua daftari la maabara.
*Vifaa vilivyotumika.* Nikaandika kwa penseli:
leza, ngozi ya kikokotoo, unywele mmoja.
Nikasita.
Nikaongeza: *sisi*.

Kisha nikakumbuka migongo arobaini na miwili
na wingu ambalo halikutujali,
nikachukua kifutio, nikalifuta neno.

Lakini penseli ilikuwa imechimba.
Ukiliinua daftari dirishani
na kuliinamisha kwa mshazari,
linasomeka.